Papa Anaishi Miaka Mingapi, na Anaanza Kuzaa Lini?

Katikati ya lenzi ya jicho la papa kuna kiini kidogo kilichoumbwa kabla papa huyo hajazaliwa. Lenzi hukua kama kitunguu: tabaka jipya huongezeka juu ya la zamani, na lile la ndani kabisa haliguswi tena. Ngozi hujirudishia, damu hujirudishia, meno ya papa hung'oka na kuota upya maisha yake yote, lakini kiini cha lenzi hubaki vilevile kilivyofanyika tumboni mwa mama yake. Nilipoisoma habari hii mara ya kwanza nilishinda nayo kichwani siku nzima, kwa sababu ilijibu swali ambalo nilikuwa nimeshakata tamaa nalo. Papa hana cheti cha kuzaliwa. Ukimtoa baharini akiwa na mita nne, utajuaje kama ana miaka kumi au mia?

Jicho lililofungua mlango huu ni la papa wa Greenland. Huyu ni papa wa kaskazini ya mbali, bahari ya Aktiki na Atlantiki ya Kaskazini, kwenye maji baridi yaliyokaribia kuganda. Anafika mita tano na zaidi. Anaogelea taratibu mno. Watafiti waliomfunga vifaa vya kupimia walikuta mwendo wake wa kawaida ni kama sentimita 34 kwa sekunde, yaani binadamu akitembea bila haraka anampita. Wengi wao wana kimelea mweupe anayening'inia kwenye jicho, ambaye kwa muda mrefu imeaminika kwamba huwaharibia uwezo wa kuona. Kwa kumtazama tu hana uzuri wa kumsifia, na mimi nampenda hivyohivyo.

Kwamba anakua polepole, hilo lilijulikana zamani. Mwaka 1936 mtafiti mmoja wa uvuvi, Hansen, aliwavisha baadhi ya papa hawa alama na kuwarudisha majini huko Greenland. Mmoja wao alivuliwa tena mwaka 1952. Katika miaka 16 alikuwa ameongezeka sentimita 8. Nusu sentimita kwa mwaka! Mtoto wa binadamu akikua kwa kasi hiyo mama yake angezunguka hospitali zote. Lakini kipimo hicho kilikuwa cha papa mmoja, na hakikusema alianza lini wala angeishia wapi. Njia ya kawaida ya kusoma umri wa papa ni kuhesabu pete zilizomo kwenye pingili za uti wa mgongo, na kwa papa wa Greenland njia hiyo haifai kitu. Pingili zake ni laini mno, hazina pete za kuhesabu.

Mwaka 2016 mtafiti wa Chuo Kikuu cha Copenhagen, Julius Nielsen, pamoja na wenzake, walichapisha katika jarida la Science matokeo ya kupima lenzi za macho ya papa 28, wote majike, wengi wao wakiwa wamenaswa bila kukusudiwa. Mdogo alikuwa na sentimita 81, mkubwa sentimita 502. Walichopima ni kaboni-14, aina ya kaboni yenye mionzi hafifu, iliyomo katika kile kiini cha lenzi.

Hapa inabidi nieleze kidogo, maana ndipo penye utamu. Tangu miaka ya 1950 hadi mwanzoni mwa miaka ya 1960, mataifa makubwa yalikuwa yakilipua mabomu ya nyuklia hewani kwa majaribio. Milipuko ile ilifanya kaboni-14 angani ifikie karibu mara mbili ya kiwango chake cha asili. Kaboni hiyo ikashuka baharini, ikaingia kwenye viumbe na vijani vidogo vya majini, vikaliwa na samaki wadogo, wadogo wakaliwa na wakubwa. Kiumbe yeyote aliyeumbwa tumboni baada ya hapo anabeba alama ya mabomu yale mwilini mwake, wewe na mimi tukiwemo. Aliyeumbwa kabla, kiini cha lenzi yake hakina alama hiyo hata kama alikuja kula samaki wenye nayo baadaye, kwa sababu kiini kilishafungwa.

Kati ya wale papa 28, ni wadogo watatu tu waliokuwa na dalili ya mabomu. Wa tatu, mwenye urefu wa sentimita 220, alionekana kuzaliwa mwanzoni mwa miaka ya 1960, wakati alama inaanza tu kupanda. Kwa hiyo papa anayezidi kidogo mita mbili alikuwa na umri wa miaka 50 hivi. Mita mbili ni bado mtoto kwao. Wengine wote 25 walizaliwa kabla ya mabomu, na kwa hao ilibidi watafiti waunganishe viwango vya kaboni-14 ya asili na hesabu ya ukuaji ili kupata makisio. Yule mkubwa kuliko wote alikisiwa kuwa na miaka 392, ukiongeza au kupunguza 120.

Naomba tukae kwenye hizo 120, maana ndizo watu wanazozitupa. Utakumbuka ile picha iliyozunguka kwenye makundi ya WhatsApp, papa mkubwa mwenye macho meupe, na chini yake maandishi kwamba ana miaka 512 na bado anaogelea. Namba 512 imetoka hapohapo: ni 392 ukijumlisha 120, mwisho kabisa wa makisio, ikachukuliwa ikafanywa habari. Hakuna aliyempima papa akamkuta na miaka 512. Kinachoweza kusemwa kwa uhakika mkubwa ni kwamba jike yule alikuwa na miaka isiyopungua 272. Na mimi nauliza, hiyo 272 ina upungufu gani hata ikahitaji kutiwa chumvi? Hakuna mnyama mwingine mwenye uti wa mgongo anayejulikana kuishi muda huo.

Ili umri huo unikae kichwani naupima kwa historia ya kwetu. Tuchukue yale makisio ya katikati. Papa huyo angekuwa amezaliwa karibu na mwaka 1620, Wareno wakiwa bado wamo ndani ya Fort Jesus pale Mombasa. Waomani walipoiteka ngome ile mwaka 1698, yeye alikuwa na miaka 78 au zaidi kidogo, na alikuwa hajawa mtu mzima. Tukichukua makisio ya chini kabisa, azaliwe karibu na 1740, basi Sayyid Said alipohamishia makao yake Unguja karibu na mwaka 1840, papa yule alikuwa na miaka kama mia moja na bado hajazaa hata mara moja.

Hajazaa. Maana katika utafiti uleule kuna namba nyingine ambayo haikupata nafasi kwenye WhatsApp, na ndiyo iliyonifanya niandike makala hii. Jike wa papa wa Greenland hukomaa akifikisha mita nne hivi, na kwa hesabu ya Nielsen na wenzake urefu huo anaufikia akiwa na umri wa takriban miaka 156. Watu wanauliza papa anaishi miaka mingapi. Swali la kumtisha anayejali bahari ni hili la pili: anaanza kuzaa lini?

Sasa fikiria biashara ya mafuta ya maini. Karne ya 19 na mwanzoni mwa karne ya 20, papa hawa walivuliwa kwa maelfu kila mwaka kwa ajili ya mafuta ya kuwashia taa na ya kulainishia mashine. Sisi watu wa pwani tunayafahamu mafuta ya ini la papa. Sifa, yale mafuta yaliyopakwa majahazi na mashua zetu ili mbao zisioze, ilitoka humohumo. Biashara ya Greenland ilikufa mafuta mengine yalipopatikana kwa bei rahisi. Lakini jike aliyezaliwa siku biashara ile inafungwa, katikati ya karne iliyopita, bado ni kigori. Pengo lililoachwa na mababu wa watu wa huko halijapata muda wa kuzibwa na hata kizazi kimoja cha papa. Leo wengi wananaswa na nyavu za kuburura na kamba za ndoano zilizotegewa samaki wengine, na Shirika la Kimataifa la Uhifadhi wa Maumbile, IUCN, limemweka katika kundi la walio hatarini.

Nyama yake mbichi ina sumu, nayo inalevya hata mbwa wa kuvuta sileji. Watu wa Iceland huila baada ya kuivundika na kuitundika kwa miezi kadhaa mpaka sumu itoke. Wanaiita hákarl, na harufu yake inasifika kwa ukali. Mtu aliyekulia jirani na vichanja vya papa mkavu sidhani kama angeshtuka sana.

Kwa nini aishi hivyo? Baridi ni sehemu ya jibu. Kwenye maji ya nyuzi sifuri au moja, kila kazi ya mwili inakwenda pole: moyo, mmeng'enyo, ukuaji. Mwili mkubwa nao husaidia. Lakini baridi peke yake haitoshi, kwa kuwa wapo samaki wengi wa maji yaleyale wasioishi hata robo ya muda huo. Mwaka 2024 watafiti walitangaza kwamba wameisoma genomu yake, yaani maelekezo yote ya urithi yaliyomo mwilini mwake, ambayo ni kubwa kama mara mbili ya ya binadamu, wakakuta nakala za ziada za jeni zinazohusika na kukarabati DNA. Hilo linaelekea kuwa na uzito, ingawa kutoka kwenye jeni hadi kwenye karne mbili na nusu za uhai ni safari ndefu na bado inaendelea.

Avumaye baharini papa, kumbe wengi wapo. Na katika papa wenyewe avumaye ni huyu wa Greenland, wakati wapo wengine ambao umri wao umetushangaza kwa njia yake.

Kwa papa wa kawaida, nilivyotangulia kusema, umri husomwa kwenye pingili. Mifupa ya papa ni gegedu, si mfupa mgumu kama wa changu au jodari, lakini katikati ya kila pingili kuna sehemu iliyojaa chokaa. Mtaalamu anaikata nyembamba kiasi cha kupitisha mwanga, anaiweka chini ya hadubini, anahesabu pete: moja angavu, moja ya giza, jozi moja kwa mwaka. Hivyo ndivyo vitabu vingi vilivyopata umri wa papa mnaousoma. Ukiipata pingili ya papa jikoni, ioshe vizuri na kuitazama kwa makini: ule mduara uliobonyea kama kisahani una mistari myembamba inayozunguka toka katikati kwenda ukingoni, unaiona hata kwa macho.

Shida ni kwamba pete hizo husema kweli papa akiwa kijana, kisha huanza kuficha. Papa akishakua na kusimama urefu, pingili nayo inasimama. Pete za mwisho zinabanana ukingoni hadi hazitenganishiki, au hazitokei kabisa. Anayehesabu anafika pete ya ishirini na tano na kuandika miaka 25, kumbe mwenyewe amezidi hapo mara mbili.

Alama ya mabomu ndiyo iliyotoboa siri hiyo. Huko New Zealand kuna aina ya papa wa maji baridi aitwaye porbeagle. Walipolinganisha pete zake na kaboni-14, iliyotokea ni kwamba wakubwa walikuwa wakipunjwa umri vibaya, na kwamba wanaweza kufika miaka 65 hivi. Mwaka 2014 ikawa zamu ya papa mweupe mkubwa, yule anayeogopwa dunia nzima. Vitabu vilikuwa vikimpa miaka ishirini na kitu. Li Ling Hamady na wenzake walipima pingili za papa weupe wa Atlantiki ya kaskazini-magharibi wakakuta dume mmoja mwenye miaka 73 na jike mwenye 40. Mwaka uliofuata ikatoka hesabu ya ukomavu wa papa hao: dume akiwa na miaka 26, jike 33. Mnyama ambaye tulidhani anaishi miaka ishirini na kitu tu, kumbe kwa umri huo hajaanza hata kuzaa.

Halafu kuna papa potwe, jitu la madoa lililo kubwa kuliko samaki wote duniani, na huyu ni wa kwetu kabisa. Kwake ubishi ulikuwa wa aina nyingine. Wapo watafiti walioamini kwamba pingili yake hupata jozi ya pete kila baada ya miezi sita. Wengine wakasema ni moja kwa mwaka. Si ubishi mdogo. Ukikosea hapo, papa wa miaka 50 unamwandika 25, na makisio yako yote ya uzazi na uvuvi yanakwenda kombo. Mwaka 2020 Joyce Ong, Mark Meekan, Steven Campana na wenzao walitumia kaboni-14 kwenye pingili zilizohifadhiwa za papa potwe waliofia Pakistani na Taiwan. Jibu likawa jozi moja kwa mwaka, na mmoja wa papa wale, mwenye urefu wa mita kama 10, alikuwa na miaka 50. Mita 10 si mwisho wa potwe. Wapo waliopimwa wakakaribia 18. Kwa hiyo miaka 50 nayo haiwezi kuwa mwisho.

Umeona mwelekeo? Kila kipimo kinapoboreshwa, umri wa papa wakubwa unapanda, na umri wa kuanza kuzaa unapanda nao.

Sitaki kuwaweka wote kapu moja, maana hiyo nayo ingekuwa si haki kwa wavuvi. Katika mafungu ya papa yanayouzwa pwani yetu kuna papa mdogo wa pua iliyochongoka, mara nyingi hazidi mita moja akiwa mkubwa, ambaye anakomaa kwa miaka miwili hivi na anaishi kama minane. Huyo anazaa mapema na anastahimili kuvuliwa, almuradi isiwe kwa fujo. Kule Australia kuna ndugu yake ambaye anamaliza maisha yake yote katika miaka saba. Upande wa pili yupo papa mdogo wa miiba wa Pasifiki ya Kaskazini: mwembamba, urefu wake haumtishi mtu, nyama yake huliwa Ulaya na chipsi. Umri wake husomwa kwenye pete za mwiba wa mgongoni, na anazidi miaka 80. Jike anafikia miaka 35 hivi ndipo akomae, kisha anabeba mimba karibu miaka miwili. Ukubwa wa mwili haukwambii lolote. Papa wawili wenye urefu sawa juu ya meza moja ya mnadani, mmoja ni mzee wa miaka minane, mwingine hajafika hata nusu ya ujana wake.

Pale Feri, Dar es Salaam, asubuhi ya mnada, huwa nawatazama pingusi wadogo, wale wa kichwa kipana mfano wa nyundo. Huletwa kwa ndoo au kupangwa chini kwa safu, kila mmoja wa dhiraa moja hivi, rangi ya kijivu yenye kung'aa, tumbo jeupe. Siku moja nilimgeuza mmoja chali. Katikati ya mapezi mawili ya kifuani palikuwa na kijipasuko chekundu, kingo zake hazijashikana. Nilimuuliza mzee aliyekuwa akisimamia fungu lile, "Mzee wangu, hili ni jeraha la ndoano?" Akasema, "Hapana, mwanangu, hicho ni kitovu."

Ni kweli kabisa. Pingusi hatagi mayai. Watoto hukaa tumboni, kila mmoja ameunganishwa na mama kwa kondo na kiungamwana kama sisi, na akizaliwa hubaki na kovu bichi linalofunga baada ya wiki chache. Samaki mwenye kovu wazi ana siku chache duniani. Mama zao husogea maji ya kina kifupi karibu na pwani kuzaa, mahali ambapo papa wakubwa hawafiki sana, na papo hapo ndipo nyavu zetu zilipo nyingi. Pingusi wa aina ile katika sehemu nyingi za dunia huchukua zaidi ya miaka kumi kukomaa, na IUCN imewaweka katika kundi la walio hatarini sana kutoweka. Nilimuuliza yule mzee pia kama anajua papa huishi miaka mingapi. Alifikiri kidogo. "Papa hafi kwa uzee, mwanangu. Mimi sijapata kumwona aliyekufa kwa uzee. Papa hufia kwenye jarife." Yaani ule wavu wa papa.

Simlaumu yeye, wala simlaumu mama lishe anayempika. Mchuzi wa papa wa nazi nimekulia, na papa mkavu ndiye aliyekwenda bara na Visiwani kwa majahazi tangu zama za babu zetu, kwa kuwa akishatiwa chumvi na kuanikwa anastahimili safari. Mvuvi mwenye jarife moja na watoto wa shule hawezi kuambiwa aache kuvua kwa ajili ya hesabu zilizofanywa Copenhagen. Lakini hesabu hizo zinamhusu yeye kabla ya kumhusu mtu mwingine yeyote, kwa sababu yeye ndiye atakayekuwa wa kwanza kurudi na jarife tupu. Mfano upo. Mwaka 1961 meli za Norway zilianza kuwavua wale porbeagle upande wa magharibi wa Atlantiki. Mwaka 1964 walitoa karibu tani 9,000. Kabla muongo haujaisha uvuvi ule ulikuwa umeporomoka, meli zikaondoka. Hawakuwamaliza papa wote; waliwamaliza wenye umri wa kuzaa, na waliobaki walihitaji miaka mingi kukua kabla ya kuziba nafasi zao. Wavuvi wale walikuwa na injini na nchi tajiri nyuma yao, wakaenda kuvua kwingine. Mvuvi wa Kigombe au wa Msambweni aende wapi?

Na jarife halichagui. Kule Tanga, jarife zilipoanza kutegwa kina kirefu kutafuta papa, mwanzoni mwa miaka ya 2000, ndipo wavuvi walipoanza kuleta nchi kavu silikanti, samaki ambaye wataalamu wa dunia walidhani ametoweka pamoja na dinosaria mpaka alipoonekana Afrika Kusini mwaka 1938. Mpaka ikabidi Hifadhi ya Bahari ya Silikanti Tanga ianzishwe. Naye ni wa ukoo huohuo wa kuchelewa: mwaka 2021 watafiti wa Ufaransa waliosoma magamba yake walikisia kwamba anaishi karibu miaka 100, jike anabeba mimba miaka mitano, na hakomai mpaka amezidi nusu karne. Kabla ya utafiti huo alikuwa akipewa miaka ishirini tu. Kosa lilelile la papa: pete ndogo zilizobanana hazikuonekana.

Nikiulizwa nini kifanyike, nitajibu kwa ninavyoona mimi. Kupiga marufuku papa wote kungewaonea watu bila kuwasaidia papa wenye shida zaidi. Ningeanza na majira na mahali: maji yale ya kina kifupi ambako majike huja kuzaa yaachwe bila jarife kwa miezi ile tu wanayozaa, na wa kuyataja maeneo hayo na miezi hiyo ni wavuvi wenyewe kupitia vikundi vyao vya ufuo, BMU, kwani wanayajua kuliko ofisi yoyote. Kovu la kitovu linatosha kuwa kipimo. Halihitaji maabara wala rula. Ukiona fungu zima lina makovu mabichi, umefika kitalu. Na jike mkubwa aliyenaswa akiwa hai, akiachwa aende, thamani yake ni kubwa kuliko ndoo nzima ya watoto. Najua ni rahisi kwangu kusema nikiwa nimekaa kitini, na pesa ya siku ile ni ya mtu mwingine. Ndiyo maana fidia kwa mvuvi anayemwachia jike lazima iwe sehemu ya mazungumzo, si nyongeza ya mwisho.

Kisheria dunia imeanza kusogea. Papa potwe aliingizwa mwaka 2002 katika orodha ya biashara ya kudhibitiwa ya CITES, mkataba wa kimataifa wa biashara ya wanyama na mimea iliyo hatarini, pingusi waliingizwa 2013, na mwaka 2022, kwenye mkutano uliofanyika Panama, ukoo mzima wa papa unaochangia sehemu kubwa ya biashara ya mapezi duniani ukaingizwa pia. Sheria hizo zinagusa mapezi yanayovuka mipaka. Nyama inayoliwa mtaa wa pili hazigusi.

Kuna jambo moja ambalo msomaji wa kawaida anaweza kulifanya, na linahusu umri moja kwa moja. Njia zote nilizozieleza, ya pingili na ya lenzi, zinahitaji papa aliyekufa. Kwa papa potwe ipo njia ya papa aliye hai. Madoa yake hayabadiliki, na hakuna wawili wanaofanana. Mwaka 2005 watafiti walichukua mbinu ya kompyuta iliyotengenezwa kwa ajili ya kutambua nyota angani, wakaigeuza itambue madoa ya potwe pichani. Pwani ya Ningaloo, Australia, wapo potwe waliotambuliwa kwa njia hiyo wakirudi kwa muda wa miongo miwili. Papa mmoja akipigwa picha leo akiwa na mita tano, na akapigwa tena baada ya miaka ishirini, tunajua amekua kiasi gani bila kumtoa damu.

Kisiwani Mafia, mbele ya Kilindoni, potwe huonekana kwa wingi msimu wa kaskazi, kuanzia Oktoba hadi Februari au Machi, wakifuata uduvi. Wengi wao ni madume ambayo bado hayajakomaa, na vifaa walivyovishwa vimeonyesha kuwa baadhi hawaondoki mbali mwaka mzima. Wavuvi wa dagaa huwazungushia nyavu bila kutaka, kisha huwafungulia njia watoke. Ukienda, usimguse wala usimzibie njia kwa mbele. Kaa ubavuni kwake, upande wa kushoto, upige picha ile sehemu iliyo nyuma ya yavuyavu na juu ya pezi la kifuani, madoa yaonekane yote, kisha mpe picha hiyo kiongozi wako wa boti pamoja na tarehe.